Mfasiri wa Kibandani na Dharau ya Wasomi

Wako watu wa elimu nchini mwetu ambao, wakiulizwa habari za filamu za majaribio, hutazama ng'ambo kwanza. Hutaja New York, hutaja Paris, hutaja Berlin. Kisha, kwa kuona haya kidogo, husema kuwa huku kwetu sanaa ya namna hiyo bado haijazaliwa, na kama itazaliwa haina budi kuzaliwa Dar es Salaam au Nairobi, karibu na balozi za kigeni na vituo vyao vya utamaduni, mahali penye projekta nzuri na viti vya kuegemea. Maneno hayo nimeyasikia mara nyingi kutoka vinywani mwa watu ninaowaheshimu, nami nayakataa. Nadai kuwa sanaa hiyo ilizaliwa kitambo, ikakua, ikapata mabingwa wake na wapenzi wake kwa maelfu. Njia ya kuiona haikuwa kupanda ndege, bali kuinama kidogo na kuingia katika kibanda cha video, kwa kiingilio cha fedha kidogo, Manzese au Kariakoo, au mwisho kabisa wa reli, Mwanga na Ujiji mkoani Kigoma.

Filamu imetoka Hong Kong, au Bombay, au Marekani. Imetiwa katika deki; mabenchi yamejaa; sauti ya filamu yenyewe imepunguzwa hata imekuwa kama mnong'ono wa jirani nyuma ya ukuta. Juu yake imekaa sauti nyingine, ya Kiswahili, sauti ya mtu mmoja peke yake. Mtu huyo husema maneno ya mwanamume na ya mwanamke, ya jambazi na ya hakimu, ya mtoto na ya bibi kizee. Kisha hutoka katika vinywa vyao vyote akasema kwa kinywa chake mwenyewe, akasifu, akakemea, akaonya, akamcheka shujaa aliyechelewa kufika. Tanzania huitwa mfasiri au DJ. Uganda huitwa VJ. Na Kenya, DJ Afro amepata jina kubwa kwa kazi hii hii. Dar es Salaam bingwa wa kizazi cha awali alikuwa Derek Mukandala, ambaye wengi hawamjui kwa jina hilo, lakini wakisikia Lufufu huinua vichwa. Hapo mwanzo kazi ilifanywa ana kwa ana, mfasiri akiwa kibandani na kipaza sauti chake. Baadaye sauti ikarekodiwa katika kanda za VHS, na baadaye tena katika diski za DVD, ikasafiri hata mahali ambapo mwenyewe hakufika.

Neno mfasiri halimtoshi. Mfasiri wa kitabu anajua lugha mbili. Huyu aghalabu hajui neno hata moja la Kikantoni, na Kiingereza chake mara nyingine ni cha kubahatisha. Anachokijua ni picha. Huitazama filamu mara mbili, mara tatu, akaisoma kama baharia asomavyo mawingu. Ndipo hutunga hadithi ya pili juu ya picha zile zile. Mtu aliyeuawa katika hadithi ya kwanza kwa ajili ya dhahabu, katika hadithi ya pili huweza kuuawa kwa kuwa alidhulumu shamba la urithi. Mtaalamu wa Kijerumani, Matthias Krings, aliandika makala nzima juu ya sanaa hii ya Tanzania, akaipa jina la kugeuza wali kuwa pilau. Jina ni zuri, na linanitia uchungu vilevile, kwa sababu aliyeona pilau alitoka Ujerumani, ilhali sisi tuliokuwa tumekaa sinia moja nayo tuliona wali tu, tena wali ulioungua.

Sasa nauliza: filamu ya majaribio ni nini, kama si kuvunja ndoa ya picha na sauti, ili mtazamaji azione zote mbili kwa upya? Mwaka 1936 huko New York, Joseph Cornell alichukua filamu ya kibiashara iliyotengenezwa mwaka 1931, East of Borneo, akaikatakata, akabakiza hasa sura ya mwigizaji Rose Hobart, akaionyesha kwa kupitia kioo cha buluu huku santuri ya muziki wa Brazil ikilia. Kazi hiyo hufundishwa vyuoni kuwa ni mojawapo ya misingi ya filamu za majaribio. Naikubali, ni kazi nzuri. Lakini Cornell alifanya hivyo mbele ya kikundi kidogo cha watu wa sanaa. Lufufu alifanya mbele ya makuli, mafundi baiskeli na watoto waliotoroka chuoni, watu ambao wakichoshwa husimama na kudai hela yao. Ni nani kati ya hao wawili aliyekuwa na mtihani mgumu zaidi?

Wajapani hawakuwa na shaka juu ya jambo hili. Katika zama za filamu zisizo na sauti walikuwa na wasimulizi wao walioitwa benshi, waliosimama pembeni mwa pazia na kuzisemea picha, na jina la benshi hodari liliweza kuvuta watu kuliko jina la mwigizaji. Sauti ilipoingia katika filamu walipigana kuitetea kazi yao. Kaka yake Akira Kurosawa alikuwa mmoja wa viongozi wa mgomo wao, naye alijiua mwaka 1933. Leo historia ya sinema ya Japani haiandikwi bila wao. Sisi twaandika historia ya sinema yetu kwa kutaja Kampuni ya Filamu Tanzania iliyoundwa mwaka 1968, na filamu chache zilizopata tuzo katika matamasha, na waigizaji wa filamu za Bongo walioanza kuvuma baada ya mwaka 2000. Mtu aliyekuwa akisema masaa mfululizo katika masikio ya taifa zima hatumpi hata mstari mmoja.

Nimetaja Kigoma kwa makusudi. Ni sehemu chache za Tanzania zilizotungiwa hadithi na watu wa sinema kama mwambao huu wa Tanganyika, na ni chache zilizonyimwa kinywa kama huu. Mwaka 1939 kampuni ya Twentieth Century-Fox ilitoa filamu ya Stanley na Livingstone, Spencer Tracy akiwa Stanley. Hadithi yote yaelekea mahali pamoja, Ujiji ya mwaka 1871, na watu wa Ujiji wamo humo kama miti imo. Mwaka 1951 ikatoka The African Queen ya John Huston, iliyotokana na riwaya ya C. S. Forester, nayo riwaya ilichota kutoka vita vya Wajerumani na Waingereza katika ziwa letu, vita ambavyo meli ya Graf von Götzen, tuijuayo kwa jina la Liemba, ilikuwa kiini chake. Filamu hiyo ilipigwa Kongo na Uganda, na sehemu nyingine katika studio za Uingereza. Mwaka 1990 wakaja tena na Burton na Speke, waliofika Ujiji mwaka 1858.

Kisha Gombe. Jane Goodall alifika huko mwaka 1960, na mwaka 1962 akafuata Hugo van Lawick na kamera yake. Mwaka 1965 Wamarekani walitazama katika televisheni filamu ya Bi Goodall na sokwe wake, na aliyeisimulia, juu ya picha, kwa sauti nzito ya kupendeza, alikuwa Orson Welles. Hapo nitasimama kidogo. Sokwe wa Gombe hawakuwa wakisema Kiingereza. Welles alizitazama picha ambazo hakuzipiga, za viumbe ambao hakuijua lugha yao, akazisemea. Alilipwa kwa kazi hiyo, na hakuna aliyemwita mhuni. Lufufu akiwasemea watu wa Hong Kong, huo ni uhuni!

Basi Kigoma ilipigwa picha, ikatungiwa hadithi, ikasimuliwa, na kila mara sauti ilitoka kwingine. Mahali pekee ambapo mtu wa Ujiji alikaa mbele ya kioo akasikia picha ikimsemesha yeye, kwa lugha yake, kwa utani wake, ni kibandani. Wajuao maisha ya Kibirizi na Katonga wanajua kwamba mvuvi wa dagaa hufanya kazi usiku wa giza, kwa taa, zamani karabai na sasa balbu za betri, kwa sababu dagaa hufuata mwanga. Mbalamwezi ikiwaka taa hazina kazi, na mitumbwi hupumzika. Ndizo siku ambazo mvuvi ana usiku mtupu mkononi mwake. Amekaa juu ya benchi pamoja na Muha wa Kasulu aliyeleta maharage, na Mmanyema wa Ujiji, na Mbembe aliyevuka ziwa, na Mrundi. Hakuna lugha inayowakutanisha ila Kiswahili, tena Kiswahili cha namna tatu au nne. Mfasiri huwapa kimoja. Nilipata kumsikia mmoja akilitazama genge la majambazi wa mjini Hong Kong likipanda boti usiku, akasema, bila kupumua, kuwa wasipoangalia upepo utawapeleka Kalemie. Kibanda kizima kilicheka, si kwa sababu ya uongo wa jambo lenyewe, bali kwa sababu kila mmoja pale alikuwa na ndugu aliyepata kupelekwa na upepo.

Wenye kudharau watasema kuwa huo ni mchezo wa watu wasioweza kufuata filamu bila kuelezwa. Kauli hii ina baba yake, na yafaa tumjue. Mwaka 1935, huko Vugiri katika milima ya Usambara, ulianzishwa mradi wa sinema ya elimu kwa Wabantu, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani, ukisimamiwa na Meja Notcutt na Bwana Latham. Jina lake kwa Kiingereza lilikuwa na neno jaribio ndani yake. Kabla ya kufungwa mwaka 1937 ulitengeneza filamu 35, na lori lake lilizunguka Afrika Mashariki na Kati kuzionyesha. Kwa hiyo neno filamu ya majaribio si geni Tanganyika hata kidogo. Ila katika jaribio lile waliojaribiwa walikuwa watazamaji. Baada yake likaja shirika la filamu la makoloni, lililoanzishwa mwaka 1939, na mkuu wake William Sellers akafundisha kwamba Mwafrika hupotea picha zikibadilishwa upesi. Yafaa apewe picha ndefu, nyepesi, za jambo moja, taratibu, kama mgonjwa anyweshwavyo uji. Na pembeni mwa gari la sinema aliwekwa mkalimani mwenye kipaza sauti, awaeleze watu walichopaswa kukielewa: kuchimba choo, kutunza watoto, kulima vizuri.

Naamini mkalimani huyo ni babu mmojawapo wa mfasiri wa kibandani. Mjukuu alichukua kipaza sauti kile kile akakigeuza kinywa. Hakuwaeleza watu walichopaswa kukielewa. Alibishana na filamu mbele yao. Na filamu aliyoichagua ilikuwa ni ile ya ngumi na mateke, iliyokatwa upesi kuliko filamu zote duniani, picha mia kwa pumzi moja, na mtoto wa miaka minane alikaa akaifuata bila kupotea. Sellers na mafundisho yake walizikwa hapo, juu ya mkeka, na hakuna profesa aliyehudhuria mazishi.

Nikisema hivi nakutana na hoja ya heshima ya matini. Mfasiri, wasema, huharibu kazi ya mwenzake: hubadili majina, huongeza, hupunguza. Naam, hubadili. Mwalimu Nyerere alipoifasiri tamthilia ya Shakespeare juu ya mfanyabiashara wa Venisi, akaitoa mwaka 1969, aliiita Mabepari wa Venisi. Mfanyabiashara mmoja aliingia mlango wa mbele, mabepari wengi wakatokea mlango wa nyuma. Na mwaka ule, miaka miwili tu baada ya Azimio la Arusha, kila msomaji alijua wametokea wapi. Tunakifundisha kitabu hicho, na tunalisifu jina hilo, na twafanya vyema. Basi kwa nini tendo lile lile likifanywa chini ya bati liitwe uharibifu?

Au tutazame uingizaji sauti ulio rasmi. Mwaka 2011 televisheni ya taifa, TBC, ilionyesha kwa Kiswahili tamthilia ya Kichina ya Doudou na mama wakwe zake, na mwezi Machi 2013 Rais Xi Jinping aliitaja kwa fahari katika hotuba yake Dar es Salaam. Sina ugomvi na Doudou. Mama yangu mdogo aliipenda. Lakini angalieni tofauti. Katika uingizaji sauti ulio rasmi kila juhudi hufanywa ili mtazamaji asahau kuwa kuna mtu katikati: Mchina afumbue kinywa, Kiswahili kitoke, kana kwamba amezaliwa Magomeni. Mfasiri wa kibandani hajifichi. Anasema: hii ni filamu yao, na hii ni sauti yangu, nanyi amueni. Ni huyu wa pili anayemfundisha mtazamaji kwamba picha ni kitu kilichotengenezwa na mtu, chaweza kujibiwa. Somo hilo katika vyuo huitwa uhakiki, na hulipiwa ada.

Lakini je, si mwizi? Swali hili ni zito, wala sitalikwepa. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 1999 yampa mwenye kazi haki ya kuruhusu au kukataa tafsiri, na mfasiri wetu hakumwandikia barua mtu yeyote wa Hollywood. Mwaka 2013 zikaja stika za kodi juu ya filamu na muziki. Mwaka 2017 waigizaji wa filamu za Bongo waliandamana Kariakoo kupinga filamu za nje zinazouzwa kwa bei ya kutupa. Malalamiko yao yalikuwa ya haki kwa upande wa tumbo: mtu hawezi kushindana sokoni na bidhaa isiyogharimu kitu. Anayenakili diski kwa maelfu na kutajirika, na ashitakiwe. Lakini mnakilishaji na msimulizi ni watu wawili, hata kama walikula mezani pamoja, na mara nyingi aliyetajirika hakuwa msimulizi. Tena wenye filamu hizo, kwa miaka yote hiyo, hawakuwa na nia ya kumpa mtu wa Katonga nakala ya Kiswahili kwa bei yoyote. Ukali wa sheria uliangukia sauti pamoja na diski, na sauti ndiyo iliyokuwa yetu.

Simfanyi mfasiri kuwa walii. Wengine ni wavivu, hupiga kelele tu pale wasipoelewa. Wengine wana midomo michafu juu ya wanawake, na mzaha wao juu ya makabila haustahili kurudiwa. Kazi mbaya na ihukumiwe kuwa mbaya, kama tunavyohukumu shairi bovu. Ila ili kuihukumu ni lazima kwanza kuisikiliza.

Jirani zetu wa Kampala wametutangulia, ingawa hata wao walisubiri mgeni agonge mlango. Isaac Nabwana, fundi matofali wa zamani katika mtaa wa Wakaliga, alitengeneza mwaka 2010 filamu ya Who Killed Captain Alex?, kwa fedha ambazo ni kidogo kuliko gharama ya chakula cha mchana cha mkutano wa siku moja wa watu wetu wa utamaduni, na silaha zake ni mabomba na vyuma chakavu. Nakala ya filamu hiyo inayotazamwa duniani ni ile yenye sauti ya VJ Emmie juu yake, akiisifu na kuidhihaki kwa pamoja, naye amekuwa sehemu ya filamu hata haiwezekani kumtoa. Mwaka 2022 watu wa Wakaliga walialikwa katika maonyesho ya Documenta huko Kassel, Ujerumani, miongoni mwa maonyesho makubwa kabisa ya sanaa za kisasa. Msimulizi wa kibandani, basi, ameshaketi katika baraza la sanaa za dunia. Mlango ambao bado umefungwa ni wa kwetu.

Na hapa ndipo penye hasara hasa. Mwaka 1964 polisi wa New York waliikamata filamu ya Jack Smith, Flaming Creatures, na Jonas Mekas, aliyeionyesha, akatiwa hatiani. Mekas hakuketi akalia. Mwaka 1970 yeye na wenzake walifungua nyumba ya kuhifadhi filamu za namna hiyo, Anthology Film Archives, nayo ipo mpaka leo. Vilevile picha alizozipiga van Lawick huko Gombe, zaidi ya masaa mia moja, zilidhaniwa zimepotea. Mwaka 2014 zikaonekana katika ghala la National Geographic huko Marekani, na mwaka 2017 Brett Morgen akazitumia katika filamu yake iitwayo Jane. Nusu karne, na sokwe wa Kigoma walikuwa salama katika maboksi. Naifurahia habari hiyo kwa moyo wote. Ila kanda zenye sauti za binadamu, zilizofika Kigoma kwa treni na kusikilizwa humo hata zikachakaa, ziko wapi? Ziko juu ya makabati ya watu waliofunga vibanda vyao simu za mikononi zilipochukua watazamaji. Ukungu huanza pembezoni mwa utepe ukaingia ndani; utepe ukishashikana, kuufungua ni kuuchana.

Vyuo vikuu vyetu vina idara za Kiswahili, na baadhi vina idara za sanaa za maonyesho. Wanafunzi wao huandika kila mwaka tasnifu juu ya riwaya zile zile kumi. Gharama ya jambo ninalolidai si kubwa: deki moja nzima ya VHS na fundi wa kuiangalia, kompyuta ya kunakilia, daftari la kuandikia ni nani aliyesema, filamu gani, kibanda gani na mwaka gani kadiri wenye kanda wanavyokumbuka, na nauli ya treni ya mtu mmoja kwenda Kigoma na kurudi. Mambo ya haki za wenye filamu yaweza kuandikiwa masharti, kanda zikasikilizwa ndani ya maktaba tu na wasomi tu. Mtu huyo akishuka stesheni aanze na Ujiji, maana huko nyumba nyingi ni za zamani na mapaa yake yanavuja, na afike kabla mvua hazijaanza.